Kitambaa Mdomoni

Babu,

Wamekuzika Jumamosi na mimi nilikuwa napiga pasi kanzu za sir, mwenye hii nyumba ninayofanyia kazi Dubai. Mdogo wangu Shiru alinishikia simu pale kaburini nione, lakini alikuwa analia, kwa hivyo niliona viatu vya watu na matope tu. Nilisikia wakiimba. Halafu madam akaniita, nikazima.

Sijakuaga. Hilo linaniuma, ndiyo maana naandika.

Usidhani sikuomba ruhusa. Ulipolazwa hospitali niliomba. Mkataba wangu ulishaisha kitambo, kuondoka ni haki yangu. Madam akasema, "Baada ya Idi, inshallah." Idi ikapita. Sasa anasema watoto wafunge shule kwanza. Inshallah ya nyumba hii nimeijua, ni hapana iliyovaa vizuri. Pasipoti yangu iko kwenye kabati la sir, na ufunguo anatembea nao. Huku mtaa wa Al Twar nyumba ni nzuri, kuta ni ndefu, na geti linafunguliwa na rimoti ambayo sina. Kutoa takataka nje, madam akinifungulia, ndiyo matembezi yangu.

Lakini kuna kitu kimenifikia. Shiru alipeleka ile mikanda ya filamu ulizoongoza ujanani mjini, ikahamishwa kwenye simu, akanitumia. Ndiyo mara yangu ya kwanza kuiona kazi yako. Nilianza na zile bubu, ambazo gari la sinema lilizungusha vijijini, mtu akisimama kando na kipaza sauti kueleza. Watu wako wanatembea kama watu, hawaigizi. Si ulituambia ulikuwa unawaongoza kwa mdomo kamera ikiwa inazunguka? "Geuka, mama. Polepole. Sasa mwone mtoto." Sauti haikuwa inanaswa, kwa hivyo ulisema utakavyo.

Halafu nikafungua ile ya kwanza yenye sauti, ile ambayo Mama yangu husema ndiyo iliyokuharibia kazi. Mwanamke amekaa kando ya mtoto mgonjwa, machozi yanaanza, mara tunakusikia wewe: "Lia, mama, lia, lakini usiyamalize, bado tuna picha nyingine." Babu wewe. Ulisahau kuna maikrofoni. Nilicheka mpaka nikakaa sakafuni, kisha nikalia, maana ilikuwa sauti yako ya ujana na sikuwahi kuisikia.

Wakubwa wako wa kazini walikuambia unyamaze au uende. Ukanyamaza. Ulisema ulikuwa unajitia kitambaa mdomoni kila kamera ikianza, na picha zikaharibika, kwa sababu mkono hauwezi kusema "polepole" kama ulimi. Hizo nazo nimeziona. Waigizaji wamesimama wima wanatamka maneno yao kama wanaapa kortini, macho yanakutafuta wewe. Ulivumilia miaka, maana ulikuwa na watoto wa kulisha. Mpaka siku ukakitoa kile kitambaa, ukamwekea mkubwa mkononi kikiwa kimelowa vilevile, ukarudi nyumbani kuchaji betri za watu sokoni. Mama hadi leo anauita ujinga. "Angefunga tu mdomo," anasema, "tungekuwa mbali."

Mimi nimefunga, Babu. Yes madam, sorry madam, yalla haraka, yes madam. Siku hizi hata nikiwa peke yangu jikoni siimbi. Juzi nilijaribu ule wimbo waliokuimbia, sauti ikatoka kama ya mgonjwa. Niliogopa sana.

Jana madam ameniletea mkataba mpya, akauweka juu ya meza ya pasi pamoja na kalamu. Anataka sahihi yangu kesho, sir akiwa nyumbani. Eti mimi ni mtu wa familia. Familia gani hiyo isiyokuacha uende ukazike watu wako?

Sitatia sahihi. Kesho wakikaa kula chakula cha mchana nitaingia mpaka pale mezani niseme: sir, naomba pasipoti yangu, naenda nyumbani. Wakikataa, dada mmoja wa Nakuru anayefanya kazi saluni kule mtaa wa Karama ameshanielekeza kwa simu ofisi ya kulalamika. Begi nimefunga. Mkataba nimeurudisha mezani kwa madam vile ulivyokuja.

Lala, Babu wangu. Nakuahidi nitafika pale walipokulaza, nikae na wewe mpaka nichoke. Naogopa. Nitasema hivyo hivyo.

Mjukuu wako,
Njeri