Goti Lisilouma

Likasi, Jumatatu

Mwanangu Viviane,

Mama yako anakusalimu. Mihogo yake imekomaa.

Unasema mchungaji wetu mpya ameonyeshwa kwamba umwache mumeo Hervé. Kanisa lenye afya hupima unabii kwanza, nami nimeupima. Jumamosi Mama Simone, anayepokea maombi mlangoni, aliniuliza, "Papa, iko na shida gani?"

"Goti la kushoto, mama."

Jana, katikati ya nyimbo, mchungaji akapaza sauti: "Mungu ananionyesha mzee mwenye goti bovu, la kushoto!" Watu wakashangilia.

Goti langu halijawahi kuuma.

Ulipokuja Pasaka, ulimweleza Mama Simone ugomvi wenu? Kama ulimweleza, fungua mizigo yako, mwanangu. Baki na mumeo.

Ni mimi baba yako,
Étienne