Malkia wa Jii

Elia, mdogo wangu,

Miezi minne sijakuandikia kwa sababu nilikuwa na hasira na wewe, na bado ninazo. Usidhani kufa kumekufanya uwe mtu mwema machoni pangu. Hapa Mvumi kila mtu anakusifu. Mchungaji alisema pale kaburini kwamba umeondoka kimya kama ulivyoishi, kina mama wakaitikia, "Kweli kabisa." Nilitamani kumnyang'anya kile kipaza sauti. Huo ukimya wanaousifu niliutengeneza mimi, juu ya dungu, kile kichanja cha kulindia ndege, kwenye shamba la mama.

Nilikuwa na miaka kumi, wewe mitano. Mama alikuwa akituacha kule kuamia uwele, tukae juu ya dungu kutwa nzima tukipiga debe na kupiga kelele ndege wasishuke. Kelele zangu zilikuwa za kazi. Zako zilikuwa za njaa, za jua, za nataka mama, dada nibebe, dada nakojoa. Sikukupenda wakati ule, Elia, acha niseme. Ndipo siku moja ndege walipopungua nikakuambia kwamba nyuma ya kile kilima cha mawe kuna nchi inaitwa Jii.

Mto wa Jii unashuka bila kusikika. Majogoo wanafungua midomo alfajiri, hakitoki kitu. Mvua inapiga bati kama inaangukia pamba. Mtoto akitoa sauti huko, hata ya kukohoa, sauti yake inafungiwa ndani ya kibuyu na mama yake hamtambui tena. Uliponiangalia kutaka kujua nani anayefungia, nikakuambia ni mimi. Mimi ndiye malkia.

Uliamini yote, wewe. Tukaweka sheria: ukitaka kutoka Jii, unagonga kiganja changu mara tatu. Nikikubali nasema, "Toka." Nikikataa nakugonga mara moja, maana yake bado. Karibu kila siku nilikataa. Siku ile mwiba wa mgunga ulipokuzama unyayoni, ulikuja unachechemea, machozi yamefika shingoni, ukagonga mara tatu. Nikagonga mara moja. Nilitaka tu kuona utavumilia mpaka saa ngapi. Ulivumilia mpaka mama alipokuja jioni kutuchukua, akauona mguu, akanichapa. Hukumwambia kwamba nilikukataza kusema, na kwa hilo nikazidi kukuchukia.

Basi ukakua hivyohivyo. Ukaenda Kizota kuchomelea mageti, kutwa unakaa kwenye makelele ya grenda, wateja wanakuita Bubu na wewe unacheka. Kila tulipokutana ulinigonga kiganja mara tatu, nami nikakugonga mara moja, tukacheka wote wawili. Ndiyo ilikuwa salamu yetu. Nilidhani umenisamehe, nikadhani imebaki kuwa utani.

Halafu tumbo likakushika, ukakaa nalo siku nne bila kumwambia mkeo. Kidole tumbo kilishapasuka ndipo ukaanguka karakanani. Daktari alituuliza, mtu mzima kama huyu alikuwa anasubiri nini? Mke wako alilia. Mpumbavu wewe, ulikuwa unasubiri ruhusa.

Sasa nikuambie kile ambacho sijamwambia mtu. Kesho yake baada ya upasuaji mkeo alitoka kuchemsha uji, nikabaki na wewe. Uso ulikuwa umepauka, lakini nikasema ni dawa. Ukaushika mkono wangu ukagonga mara tatu, polepole. Muuguzi alikuwa palepale, hatua kama sita, anaandika. Ningeita tu. Lakini nikacheka, Elia. Nikaona mgonjwa amepata nafuu, ameanza utani wake. Nikakugonga mara moja.

Ukafunga macho ukatii.

Muuguzi alipokuja kukupima alifunua shuka, nikaona damu jinsi ilivyokuwa nyingi chini yako. Wakaja wengine mbio, wakanisogeza ukutani. Baadaye yule muuguzi aliniuliza kwa upole kama ulilalamika maumivu. Nikajibu hapana, na ni kweli, hukulalamika. Mama anawaambia watu kwamba nilikuwa dada mwema, nilikushika mkono mpaka mwisho. Simsahihishi.

Mambo ya huku ni haya. Mkeo amehamia Nzuguni kwa kaka yake. Grenda yako anaitumia mwenzako, na ile karakana haijapungua kelele hata kidogo kwa sababu hupo. Binti yako Tabita ameletwa kwangu likizo hii. Watu wanamsifu, mtoto ana adabu, hasumbui, anaamkia kwa sauti ndogo kisha anakaa. Mimi nilikuwa namwangalia, nikihesabu maneno yake.

Alhamisi nilikuwa nasonga ugali, akaja akasimama pembeni yangu. Akachukua mkono wangu mmoja, akagonga kiganja mara tatu.

Ulimfundisha. Katika vyote ulivyokuwa navyo vya kumrithisha mtoto, ukamrithisha hicho. Na sikia ubaya wangu: kidole changu kilinyanyuka kumgonga mara moja. Kilinyanyuka chenyewe, nakuapia, nikakikunja ndani ya ngumi. Nikasema, "Toka." Akanitazama kama haamini, kisha akasema, "Shangazi, sikio linaniuma. Tangu Jumapili." Lilikuwa limeshaanza kutoa usaha. Nilimbeba mgongoni mpaka hospitali, ugali nikauacha unaungua.

Amepona, anasikia. Uwele umeanza kuchanua, na ndege hawajaacha tabia yao. Nimeshajenga dungu palepale. Nakaa naye juu, nami nakuahidi nitamfundisha kupiga kelele mpaka sauti imkauke, alie kwa njaa, kwa jua, kwa kutaka baba yake, na sitamwambia anyamaze hata kichwa kikinipasuka. Jana alipiga debe tu, mdomo haukufunguka. Leo ametoa kasauti kadogo, ndege mmoja akaruka.

Sikuombi msamaha. Ungenipa, nakujua, na ungenipa bila kusema neno. Nimekuja kaburini kwako na barua hii, nitaisoma kwa sauti, wapitao wasikie dada yako alivyo. Umekaa sana huko, mdogo wangu. Uligonga mara tatu nami nilikusikia.

Toka, Elia. Toka.

Dada yako,
Raheli