Mchumba Wangu Amepanga Harusi Yetu Bila Mimi

Mpendwa mshauri Bi. Mwatumu, naomba msaada upesi maana harusi yetu ni Jumamosi ya tarehe 18 Oktoba na roho yangu haijatulia. Mimi ni Mkenya, nahudumia wazee hapa Germantown, na mchumba wangu Laurean ni Mtanzania aliyeishi Paris miaka kumi na minne akifanya kazi ya filamu, hakuwa akiigiza, alikuwa meneja wa uzalishaji, yaani yule anayehakikisha barabara imefungwa, farasi wamefika, watu themanini wamekula na mwigizaji ameamshwa, alianza kwa kuendesha gari la vifaa vya kupigia filamu na hadi anaondoka hakuna filamu aliyoisimamia iliyochelewa hata siku moja. Basi kamati ya harusi ilipomwachia ratiba yote nilifurahi, kumbe ndipo mashaka yalipoanza, maana anapigia simu watu nisiowajua, anapima kwa hatua kutoka mlango wa kanisa hadi kwenye maegesho, amemuuliza hata mchungaji kama huwa anaugua, na nikimuuliza ananiambia, "Cherono, hii ni kazi tu, usijali." Wiki jana alisahau daftari lake kwangu nami nikalifungua, nakiri, nikakuta kila kitu kina mbadala wake, mvua ikinyesha, keki ikianguka, halafu ukurasa mzima umeandikwa "Bibi arusi asipofika," na chini yake jina la Adela wa kwaya na simu yake, eti yeye ndiye atakayewatangazia wageni kwamba bwana arusi ameugua ghafla. Kweli mimi nimeshaahirisha mara mbili, ya kwanza kwa sababu ya zamu na ya pili sikuwa tayari tu, lakini hilo tulishalimaliza. Rafiki yangu Wambura anasema, "Wacha ujinga, huyo ana mtu, u-cancel hiyo harusi." Je, nimwache kabla hajaniacha?

Cherono, Germantown, Maryland

Cherono, pole kwa wasiwasi, lakini kwanza nikugombeze. Daftari la mtu si gazeti. Na Wambura asikuendeshe, yeye haolewi Jumamosi.

Adela amepewa kipaza sauti, hakupewa shela. Mwanamume mwenye hawara haandiki jina la hawara huyo katikati ya keki na mvua kisha akaliacha mezani kwako. Miaka kumi na minne kazi ya huyu ilikuwa kuwaza kitakachoharibika, na watu wa kazi hiyo hujihadhari zaidi na kile kilichowahi kuwakwamisha. Keki yenu haijawahi kuanguka. Wewe umeshaahirisha mara mbili. Unasema mlilimaliza, wewe ndiye uliyelimaliza, yeye bado halijamtoka.

Na hilo la kuugua umelipita haraka mno. Usipotokea, Maryland nzima itakusema, naye amepanga aibu hiyo aibebe yeye. Lilinichoma nilipolisoma.

Hata hivyo naye ana kosa, mwambie nimesema. Angekuuliza ana kwa ana badala ya kuiandikia ratiba hofu yake.

Sasa mrudishie daftari leo na ukiri kwamba umelisoma. Usianze na Adela. Anza na ile mara ya pili, umweleze kwa nini hukuwa tayari, na kama sababu hiyo ingali ipo, imalizeni sasa au muachane kwa heshima. Kama imekwisha, mwombe auchane ukurasa huo mbele yako. Akisita, usinune, maana hujampa bado sababu ya kukuamini. Mpe sababu hiyo Jumamosi, mlangoni pa kanisa, saa nne kamili.

Bi. Mwatumu