Mlima Usioonekana Galbet

Jumanne usiku

Bado nina hasira na Halima wa Gredi ya Saba. Leo, hapa Galbet, mashariki mwa Kenya na mbali na kwetu, nimefundisha kuhusu Wanavajo, wenyeji wa asili wa Marekani, na milima yao minne mitakatifu. Wazee wao huwakataza kuhamia nje ya milima hiyo. Mmoja una theluji, nikasema, kama Mlima Kenya wa kwetu Kirinyaga.

Halima akanyoosha mkono. "Mwalimu, sasa wewe mlima yako iko wapi?"

Nikaonyesha magharibi. Darasa zima likageukia dirisha. Kulikuwa na vumbi na ngamia mmoja, naye akatutazama.

"Hakuna kitu huko," Halima akasema.

Nikamwambia akae chini.

Uhamisho wa kurudi nyumbani nimenyimwa tena. Mama sijamwambia. Wala Halima sikumwambia kwamba kila asubuhi, kabla wanafunzi hawajafika, mimi husimama kwenye dirisha hilo hilo nikiutafuta mlima wangu.