Mlango Wetu Uko Ofisini Kwao

Baba,

Nimetoka mahakamani Mbeya leo, na nina hasira. Yule mkubwa wa wilaya aliyekuondoa kwenye majaruba yako ya mpunga kule Ubaruku amesamehewa. Amesamehewa, Baba, na mimi nimekaa pale pale nikitazama.

Alikiri mwenyewe kwamba aliijua amri ya hakimu, ile iliyosema usiguswe mpaka kesi ya shamba iishe, na kwamba aliivunja. Akaiomba radhi mahakama. Hakimu akasema aliyedharauliwa ni mahakama, na mahakama imeipokea radhi yake. Basi, wakafunga jalada. Nikasimama nikauliza, na baba yangu je, nani anamwomba radhi? Karani akaniambia nikae. Sikukaa, nilitoka.

Siku ile walipokuja na lori, karatasi ya amri ulikuwa umeipigilia mlangoni kwa misumari minne. Uliamini hakuna mtu wa serikali atakayeupita muhuri wa serikali. Mimi ndiye niliyekusomea, nami nikakuapia hivyo hivyo, kwa hiyo ujinga huo ni wetu wawili. Walipoteremka ukanituma togwa. "Waache wanywe kwanza, ndipo tusomeane," ulisema. Wakanywa, wakashukuru. Kisha wakaung'oa mlango pamoja na karatasi yake, wakautupa kwenye lori. Yule mkubwa akacheka, akasema, "Mahakama haina shamba huku." Wewe ukabaki umeshika kata tupu.

Ulifia kwenye kibanda cha kijiji kipya walikotuhamishia, na wakatukatalia kukuzika nyumbani, kando ya babu. Eti pale sasa ni shamba la wilaya. Hilo sitawasamehe, hata mahakama zote zikisamehe.

Mlango nimeuona. Wameupachika kwenye ofisi ya kijiji hicho, matundu manne ya misumari yapo vile vile. Wanaingia na kutoka kama wameuchonga wao, na hakuna hata mmoja anayeona haya.

Sasa sikia. Kesi ya shamba bado ipo, na mimi ndiye msimamizi wa mirathi yako, nimesimama mahali pako. Ile amri nayo haijafutwa, hakimu mwenyewe amesema. Kwa hiyo kesho narudi Ubaruku. Nitasimamisha nyumba pale pale ilipokuwa kabla hawajaibomoa, na nafasi ya mlango nitaiacha wazi mpaka ule wetu urudi. Halafu nitakuja kukuchukua, ulale karibu na babu.

Kwaheri kwa leo, Baba. Pumzika hapo walipokulaza, ila usipazoee. Watakuja tena na lori lao, najua, na watanikuta nimesimama hapo penye nafasi ya mlango. Unisamehe kwa hili moja tu: togwa sitawapa.

Mimi binti yako