Nafasi ya Nyota Tano Ukutani

Chumba cha nyuma, juu ya duka la miwani,
Jumapili, tarehe 9 Novemba.

Mpendwa mdogo wangu, wewe mwenye macho,

Salamu zangu zikukute mzima, umeketi chini, si juu ya paa ukikagua mabati kama mwaka jana. Goti linasemaje? Na shemeji, kikohozi kimekubali dawa, au bado anakohoa makusudi aletewe chai kitandani? Mimi sijambo. Meno yamebaki machache, lakini yanaelewana. Wifi yako naye hajambo, ukiondoa shida yake ya siku zote, ambayo ni mimi.

Nimepata kazi. Usicheke. Ni kweli nilitangaza nimestaafu, nikaosha brashi, nikagawa ngazi. Sasa nimeiazima ngazi niliyoigawa mwenyewe, na mwenyewe mpya ananitaka niirudishe bila tone la rangi! Shule iliyo nyuma ya karakana ya magari imejenga chumba cha sayansi, na mwalimu wake, binti mwembamba anayetembea kama kengele imeshagongwa, anataka ukuta mmoja uchorwe historia ya vishada vya nyota. Nikamuuliza kishada ndiyo nini. Akasema ni nyota nyingi zilizozaliwa pamoja na kukaa pamoja, zimebanana kama zabibu kwenye kikonyo.

"Sisi tulilala tisa chumba kimoja, mwalimu," nikamwambia. "Endelea, hapo nimeelewa."

Akanipa karatasi nne za maelezo. Unajua shule yangu iliishia darasa la nne, na herufi za mabango yangu ya kwanza ulizichora wewe kwa penseli, mimi nikapitisha rangi na kupokea sifa. Kwa hiyo nimezisoma polepole, kidole kikitangulia. Nimefurahi mno. Kumbe hawa watazama nyota ni watu wa vituko.

Kuna Mfaransa mmoja, zamani, zaidi ya miaka mia mbili, alikuwa akiwinda nyota zenye mkia. Kila mara anakutana na kiwingu kimetulia tu angani, hakina mkia, hakisogei, kinampotezea usiku wake. Akaudhika, akaandika orodha ya viwingu hivyo ili watu wasihangaike navyo. Karibu nusu vilikuwa vishada. Leo nyota zake za mkia wanazikumbuka wachache, ila orodha ya usumbufu ndiyo inayotafutwa na kila mwenye darubini. Ni kama mtu aandike mashimo yote ya barabarani asije akatumbukia, halafu watu wafunge safari na kamera kutazama mashimo.

Baada yake wakaja kaka na dada. Kaka akaunda darubini kubwa, na vile viwingu vya mviringo ambavyo Mfaransa aliandika kwamba havina nyota, yeye akavikuta vimejaa nyota tele. Kaka yuko juu kwenye darubini anapaza sauti anachokiona, dada yuko chini anaandika kwenye baridi. Nyumba hiyo naijua! Lakini dada alipopata kadarubini kake mwenyewe, naye akaanza kuokota vishada ambavyo hakuna aliyewahi kuviandika. Nimempaka gauni la bluu. Mwalimu akauliza nimejuaje kama lilikuwa la bluu. Nikamwambia kopo la bluu ndilo lililokuwa wazi.

Kwa ufupi, mdogo wangu, historia yote ya vishada ni hii: mmoja anaona wingu, mwingine mwenye jicho zuri zaidi anasema hapana, hizo ni nyota.

Ndipo nikafika kwenye kishada cha Kilimia, na hapo ndipo ninapokuhitaji.

Karatasi inasema watu wengi wakikitazama Kilimia kwa macho matupu huona nyota sita, au saba. Mtaliano mmoja alipokielekezea darubini alichora zaidi ya thelathini. Lakini kabla yake, kabla darubini haijaelekezwa angani, kuna mwalimu mmoja Mjerumani ambaye inasemekana alichora, kwa macho yake tu, nyota kumi na moja.

Nilikuwa juu ya ngazi. Nikashuka.

Najua hujasahau, maana katika vituko vyangu vyote hicho kimoja hujakicheka miaka sitini. Baba alituweka uani baada ya kula, akasema atakayehesabu nyota nyingi za Kilimia ndiye atakwenda naye kwa treni kununua vitambaa, amsaidie kuona kasoro. Kaka mkubwa, sita. Mimi, sita. Wewe ukasema kumi na moja, ukaanza kuonyesha kwa kidole, hii, na hii, na ile pale. Nikapiga kelele, "Mwongo! Anahesabu na mbu!" Watu wakacheka mpaka baba akafuta machozi. Treni nikapanda mimi. Wewe ukabaki na jina, Kumi na Moja, na tangu hapo hata ukisema maziwa yanafurika jikoni, mtu anauliza umetia chumvi kiasi gani. Mwisho ukaacha kusema. Maziwa yakafurika.

Sasa nikuambie ambalo sijawahi kumwambia mtu. Sikudhani unadanganya. Wewe ndiye uliyekuwa ukimtungia baba uzi kwenye sindano wakati taa imeshafifia. Nilijua macho yako. Nilitaka treni. Na baba alirudi na jora lenye matundu, kwa sababu mkaguzi wake alikuwa anakula biskuti.

Leo mchana nimelisema hilo mezani, mbele ya wanangu na wake zao. Wifi yako akaweka kijiko chini.

"Kwa hiyo kipofu wa nyumba ile alikuwa wewe?"

"Mimi."

"Na mwongo?"

"Huyo huyo."

"Nyani haoni kundule," akasema, akanipakulia tena, nyama mbili. Sijui ni huruma au alikuwa amefurahi kupita kiasi.

Ukutani nimepaka nyota sita nilizoziona mimi. Mwalimu ana picha ya Kilimia kwenye droo, nimemkataza kunionyesha. Juzi akanijia juu.

"Mzee, chumba kinafunguliwa tarehe ishirini na mbili. Hizo nyingine ziko wapi?"

"Zinakuja kwa posta."

"Nyota?"

"Nyota tano. Kuna mtu anazo."

Akanitazama kama anatafuta homa. Mwisho amekubali kungoja, ila kwa sharti: nukta zako atazilinganisha na picha, na zisipolingana nitapaka za picha. Nikamwambia zitalingana. Nimeweka shingo yangu rehani, nayo unajua ni nyembamba.

Ndani ya bahasha hii kuna karatasi yenye nukta sita. Giza likiingia, toka nje, tazama mashariki, uongeze zako. Ikiwa macho yamechoka kama yangu, ambayo siku hizi yanaona hapo kama mtu kapangusa chaki, chora kwa kumbukumbu. Nakuomba. Neno hilo si langu, unajua, nimelitafuta jioni nzima.

Msalimie shemeji. Msalimie mpwa wangu fundi umeme, mwambie taa aliyonifungia bado inawaka ikijisikia. Na binti yako mkunga, na wote aliowapokea duniani wiki hii. Wifi yako anakusalimu kwa sauti kubwa kutoka jikoni. Mungu akuzidishie siku, na ngazi akuepushe nazo.

Halafu, mdogo wangu, hili la sharti la mwalimu lisikutie hofu ukabadili hesabu. Ukiona kumi, chora kumi. Ukiona kumi na mbili, chora kumi na mbili, nitazipaka zote, na mwalimu na picha yake tutagombana mimi na wao. Chini yake nitaandika aliyezihesabu, kwa jina lako kamili, lile alilokupa mama.

Ni mimi nikupendaye, na ninayekuamini,
Kaka yako.