Ngamia wa Eddo Idman

Waberi, Garissa

Eddo, shangazi yangu mpendwa,

Asalaam aleikum. Nimemaliza shule, na mbuzi wa bibi yangu Ayeyo amezaa mapacha.

Ijumaa tulitazama tamthilia yako. Aabo, ambaye hajakutaja tangu uende Nairobi kuandika filamu, alisimama mlangoni kama mpita njia. Mwanamke alipoanza kumkamua ngamia, Aabo alicheka mpaka akakaa.

"Wallahi, dada yangu amesahau! Ngamia hukamuliwa na wanaume!"

Hapo nikamwambia umeniita nikusaidie kuandika.

Akajibu: "Nenda basi. Yule mwanamke mpeni mbuzi wa kukamua."

Nitafika Jumatatu na dumu la maziwa ya ngamia. Aabo amenikataza kukwambia aliyekamua ni nani.

Mtoto wa kaka yako,
Hamdi